Lugha Anayoielewa Mfanyakazi: Vikao vya Nidhamu vya Meru na Embu Mbele ya Jicho la Mahakama

Kiswahili kinachozungumzwa nchini Kenya hakina uhaba wa maneno ya kueleza msiba wa mtu kupoteza kazi. Husemwa kwamba amefutwa, ameachishwa, amepigwa kalamu au, kwa kauli ya wenye mzaha mkali, amemwaga unga. Mwanafunzi wa isimu atatambua mara moja kwamba semi hizi hazilingani. Katika kupigwa kalamu, mtenda ni mwingine, naye ndiye aliyeishika kalamu. Katika kumwaga unga, mtenda ni mfanyakazi mwenyewe, na njaa itakayofuata ni ya watoto wake. Kati ya semi hizo mbili ndipo lilipo swali ambalo sheria ya kazi hulazimika kulijibu kila siku: je, huyu alipigwa kalamu au alimwaga unga wake mwenyewe? Na je, alisikilizwa kabla ya jibu kutolewa?

Kwa muda mrefu sheria ya Kenya haikulijali sana swali hilo. Chini ya Sheria ya Ajira ya mwaka 1976, mwajiri aliyetoa notisi ipasavyo, au aliyelipa mshahara badala ya notisi, hakulazimika kueleza kwa nini hamtaki tena mtu wake. Uhusiano wao ulikuwa ule wa bwana na mtumishi, uliorithiwa kutoka Uingereza pamoja na mengine mengi. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, iliyoanza kutumika Juni 2008, ilibadilisha mambo. Kifungu chake cha 41 kinaagiza kwamba kabla ya kumwachisha mtu kazi kwa sababu ya utovu wa nidhamu, utendaji duni au udhaifu wa mwili, mwajiri sharti amweleze sababu hiyo, amruhusu awe na mfanyakazi mwenzake au mwakilishi wa chama cha wafanyakazi, kisha awasikilize wote wawili na kuyazingatia maneno yao. Hata yule anayestahili kufutwa papo hapo kwa kosa kubwa husikilizwa kwanza.

Lakini kifungu hicho kina maneno machache ambayo wanasheria huyapita haraka na ambayo wanafunzi wa Kiswahili hawapaswi kuyapita. Sababu hiyo, kinasema, ielezwe kwa lugha ambayo mfanyakazi anaielewa. Bunge halikutaja Kiingereza wala Kiswahili. Lilimtaja mfanyakazi na uelewa wake. Kifungu cha 9 cha sheria hiyo hiyo kinafanana nacho, kwani kinamtaka mwajiri amfafanulie mkataba, kwa lugha anayoielewa, mfanyakazi asiyejua kusoma au asiyeielewa lugha iliyotumika kuuandika. Hivyo basi lugha imewekwa kuwa sharti la haki. Si adabu tu ya kikao, bali ni sehemu ya uhalali wake.

Mahakama zimelithibitisha jambo hili. Katika kesi ya Walter Ogal Anuro dhidi ya Tume ya Huduma za Walimu, iliyoamuliwa mwaka 2013, ilielezwa kwamba haitoshi mwajiri kuwa na sababu halali ya kumwachisha mtu kazi. Sharti pia utaratibu alioufuata uwe wa haki. Mwaka 2014, katika kesi ya Mary Chemweno Kiptui dhidi ya Kampuni ya Mafuta ya Kenya Pipeline, utaratibu wa kifungu cha 41 ulitajwa kuwa wa lazima. Nayo Mahakama ya Rufaa, katika kesi ya Shirika la Posta dhidi ya Andrew Tanui mwaka 2019, ilipoyahesabu mambo yanayofanya kikao cha nidhamu kiwe cha haki, ililitia ndani suala la lugha inayoeleweka na mfanyakazi. Mwajiri anaposhindwa katika hayo huweza kuamriwa kulipa fidia isiyozidi mshahara wa miezi 12 au, mara chache, kumrudisha kazini aliyemfuta.

Hapa panahitaji tahadhari, kwa sababu wengi hudhani kwamba kwenda mahakamani ni kuanza kesi upya. Sivyo. Mapitio ya mahakama si rufaa. Jaji hajiulizi kama yeye angalimfuta mtu huyo. Hujiuliza kama aliyemfuta alikuwa na mamlaka, kama alimsikiliza, na kama mwajiri mwenye busara angaliweza kufikia uamuzi kama huo. Katika kesi ya Mamlaka ya Ushuru ya Kenya dhidi ya Reuwel Waithaka Gitahi na wenzake, iliyoamuliwa mwaka 2019, Mahakama ya Rufaa ilisisitiza kwamba mwajiri hahitajiki kulithibitisha kosa kama linavyothibitishwa katika kesi ya jinai; inatosha awe na sababu za kweli za kuamini kwamba lilitendeka. Katiba ya mwaka 2010, katika ibara ya 47, na Sheria ya Hatua za Haki za Kiutawala ya mwaka 2015 zimeupanua mlango huo, na yako maamuzi yanayoruhusu majaji kuuchungulia ukweli wenyewe wa shauri. Hata hivyo msingi haujabadilika sana. Mahakama huangalia jinsi jambo lilivyofanywa, na ushahidi mkuu wa jinsi lilivyofanywa ni karatasi: barua ya kutakiwa kujieleza, barua ya kuitwa kikaoni, na zaidi ya zote, kumbukumbu za kikao.

Kumbukumbu hizo huandikwa kwa lugha gani?

Kuanzia miteremko ya Mlima Kenya upande wa Embu, vilipo viwanda vya chai vya Mungania na Rukuriri, hadi milima ya Nyambene upande wa Meru, vilipo vya Michimikuru na Kiegoi, mtu anayefanya kazi huishi katika lugha tatu. Nyumbani na sokoni ni Kiembu, Kimbeere, au Kimeru katika lahaja zake: Kiimenti, Kitigania, Kiigembe na nyinginezo. Kazini, hasa msimamizi anapokuwa mtu wa kwingine, ni Kiswahili. Kwenye karatasi ni Kiingereza. Barua ya kujieleza huja kwa Kiingereza. Kikao chenyewe, mara nyingi, huendeshwa kwa Kiswahili kilichochanganywa na lugha nyingine. Kisha katibu, ambaye kwa kawaida ni afisa wa mwajiri, huandika kumbukumbu kwa Kiingereza kadiri kikao kinavyoendelea. Yeye ni mfasiri bila kuitwa mfasiri. Hakuapishwa, hakufunzwa, na anayemlipa ni mmoja wa wahusika wa shauri. Mtu hushtakiwa kwa lugha moja, hujitetea kwa ya pili, na maneno yake huhifadhiwa kwa lugha nyingine isiyokuwa yake.

Chukulia karani wa kupima majani chai kituoni anayedaiwa kumwongezea mkulima fulani kilo ambazo hakuzileta. Mwenyekiti humwuliza: “Kwa hiyo wewe hukuongeza hizi kilo?” Karani hujibu: “Ndiyo.” Kila mjuzi wa Kiswahili anaelewa kwamba karani amekana. Ndiyo yake inaikubali kauli ya muulizaji kama ilivyo: hakuongeza. Lakini katibu huandika kwa Kiingereza kwamba karani aliulizwa kama aliongeza kilo, naye akajibu kuwa ndiyo. Kanusho limegeuka ungamo, na hakuna aliyedanganya. Kiingereza hulijibu swali la kukanusha kwa namna yake, Kiswahili kwa namna yake, na kati ya namna hizo mbili kazi ya mtu imepotea.

Chukulia pia kitenzi kukosa, ambacho kila mwalimu wa sarufi hukitumia kufundisha uziada wa maana. Dereva aliyeshindwa kufika kazini husema, “Siku hiyo nilikosa.” Huenda alikosa kufika. Huenda alikosa gari la kumleta. Huenda pia anakiri kwamba alitenda kosa. Katibu mwenye haraka huchagua maana ya mwisho, kwa maana kikao chenyewe kiliitishwa kutafuta kosa. Na mlinzi anayesema mwishoni, “Mimi sina neno,” huenda ana maana kwamba hana kinyongo na yeyote na yuko tayari kuendelea na kazi. Kumbukumbu zitaonyesha kwamba alipewa nafasi ya kujitetea akaikataa.

La hatari kuliko yote ni neno la kuomba radhi. Katika jamii za Meru na Embu, kama ilivyo katika jamii nyingi za Afrika Mashariki, mdogo anayesimamishwa mbele ya wakubwa huanza kwa kuomba msamaha kabla ya kujieleza. “Kama nimewakosea, wazee wangu, mnisamehe.” Hiyo ni heshima. Hutuliza mkutano na kufungua njia ya mazungumzo. Anayeanza kwa kukana kwa sauti kavu huonekana mjeuri hata kama ana haki. Lakini heshima hiyo ikiisha kupita katika kalamu ya katibu husomeka kwamba mfanyakazi alikiri kosa na kuomba ahurumiwe. Mtu mwenye adabu hupoteza pale ambapo mjeuri angalipona.

Shauri hili likifika mbele ya jaji, karatasi zitakuwa timamu. Barua ipo. Siku za kujitayarisha zilitolewa. Mwenzake alikuwepo. Mfanyakazi alisikilizwa, naye, kwa mujibu wa kumbukumbu, akakiri. Ni mwajiri gani mwenye busara asiyeweza kumfuta mtu aliyekiri? Katika dai la kawaida mbele ya Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, ambayo ina kituo chake mjini Meru, mfanyakazi angalau hupanda kizimbani, akazipinga kumbukumbu hizo kwa kinywa chake na kumfanya katibu ahojiwe. Katika mapitio yanayofanywa kwa hati za kiapo, karatasi hupambana na karatasi, na iliyoandikwa siku ile ile ya kikao huwa na uzito kuliko ile iliyoandikwa na wakili miezi minne baadaye.

Wapo watakaosema kwamba hofu hii ni ya wanaisimu, kwamba wafanyakazi wa siku hizi wamesoma na Kiingereza wanakijua. Baadhi wanakijua, kweli. Lakini kukijua Kiingereza cha kusoma notisi ukutani si kukijua Kiingereza cha kujitetea nacho mbele ya watu watano walioshika hatima ya mshahara wako. Na iwapo jambo hili ni dogo, mwajiri anapoteza nini akiandika barua ya mashtaka kwa lugha mbili?

Pingamizi la pili lina uzito zaidi, na wapenzi wa Kiswahili hawana budi kulikabili bila ubishi. Sheria haikusema Kiswahili. Ilisema lugha anayoielewa mfanyakazi. Mama wa makamo kutoka Igembe anayefagia kiwandani huenda anakifahamu Kiswahili cha kununulia sukari, ilhali mambo ya haki yake anayawaza na kuyaeleza kwa Kimeru tu. Kumfanyia kikao kwa Kiswahili sanifu kilichojaa istilahi na kudai kwamba sheria imetimizwa ni kumtendea jambo lile lile ambalo Kiingereza kimewatendea wengine. Tena jamii hizi hazikujifunza desturi ya kusikiliza pande mbili kutoka kwa Sheria ya Ajira. Wazee wa Njuri Ncheke wa Meru wamekuwa wakiketi kuamua mashauri tangu kabla ya ukoloni, na mlalamikiwa aliyasikia mashtaka yake kwa lugha aliyozaliwa nayo. Kiswahili kinafaa kuwa daraja kati ya mfanyakazi na mwajiri wasio na lugha moja ya nyumbani. Kisiwe ukuta mpya.

Ni vigumu kuandika juu ya kusikilizwa katika kaunti hizi mbili bila kuwataja magavana wao. Gavana si mwajiriwa kwa maana ya Sheria ya Ajira, na kumwondoa ni kazi ya bunge la kaunti na Seneti. Lakini swali la kama alisikilizwa kwa haki ni lile lile. Martin Wambora wa Embu aliondolewa na Seneti Februari 2014, akiwa gavana wa kwanza nchini kufikwa na hilo, kisha akaondolewa tena mwaka huo huo. Alikwenda mahakamani mara kadhaa, akachaguliwa tena mwaka 2017 na kumaliza muhula wake wa pili mwaka 2022. Kawira Mwangaza wa Meru alipigiwa kura ya kumwondoa mara tatu katika bunge la kaunti yake, kuanzia Desemba 2022 hadi Agosti 2024. Seneti ilimwokoa mara mbili, ikamwondoa mara ya tatu, na Mahakama Kuu ikaukubali uamuzi huo Machi 2025. Kila mmoja wao alikuwa na mawakili kadhaa, na mengi ya hayo yalirushwa moja kwa moja na televisheni. Karani wa kituo cha majani chai alikuwa na mwenzake mmoja aliyeombwa aache kazi kwa nusu saa aje kuketi kando yake. Sheria inawapa wote wawili haki ya kusikilizwa.

Wako pia walimu, na hapa habari inawahusu wasomaji wenyewe, kwa maana wengi wanaosoma Kiswahili katika vyuo vikuu huishia kuwa waajiriwa wa Tume ya Huduma za Walimu. Mwalimu anayeshukiwa huanza kwa kuitwa mbele ya bodi ya usimamizi ya shule, kisha husimamishwa kwa barua ambayo wengi hawana jina la Kiswahili la kuiita, kisha husikilizwa na kamati ya nidhamu. Asiporidhika huomba uamuzi huo uangaliwe upya ndani ya Tume yenyewe kabla ya kwenda mahakamani. Vivyo hivyo mtumishi wa kaunti hutakiwa kwanza kukata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma. Mahakama ya Rufaa ililisisitiza hilo mwaka 2017, na anayeruka hatua hiyo hurudishwa. Mwalimu wa Kiswahili anayeketi kwenye kamati ya shule ndiye aghalabu hupewa kazi ya kuandika kumbukumbu, kwa kuwa anasifika kwa mwandiko na lugha. Naye huziandika kwa Kiingereza! Ni kioja kidogo, lakini ni cha kweli cha taaluma hii.

Nchini Tanzania njia imekuwa tofauti. Kanuni za utendaji bora kazini za mwaka 2007 ziliagiza kwamba mfanyakazi aarifiwe tuhuma zake kwa namna na lugha anayoweza kuielewa, sharti linalofanana na la Kenya. Tofauti iko katika mazingira. Tume ya Usuluhishi na Uamuzi husikiliza watu kwa Kiswahili, BAKITA limekuwepo tangu mwaka 1967, na marekebisho ya sheria ya mwaka 2021 yalikifanya Kiswahili kuwa lugha ya sheria na ya mahakama. Utekelezaji una matatizo yake, lakini neno la mfanyakazi haliwi na safari ndefu kati ya kinywa chake na faili. Kenya ilikitangaza Kiswahili kuwa lugha rasmi sawia na Kiingereza katika ibara ya 7 ya Katiba, ilhali kifungu cha 86 cha Sheria ya Mwenendo wa Madai kiliiweka lugha ya Mahakama Kuu na Mahakama ya Rufaa kuwa Kiingereza, na kuziruhusu mahakama za chini kutumia Kiingereza au Kiswahili.

Ruhusa hiyo ya mahakama za chini ina maana kubwa kuliko inavyodhaniwa. Tangu mwaka 2018 mahakimu wamepewa mamlaka ya kusikiliza mashauri ya ajira ya watu ambao mshahara wao hauzidi shilingi 80,000 kwa mwezi. Hao ndio wengi wa wafanyakazi wa viwandani, wa maduka na wa hoteli za Meru na Embu. Shauri lao laweza kusikilizwa kwa Kiswahili mbele ya hakimu wa karibu, bila safari ya mbali. Kinachokosekana ni karatasi za Kiswahili za kuliandaa. Hakuna msamiati ulioafikiwa. Mmoja husema mapitio, mwingine marejeo. Mmoja haki asilia, mwingine kanuni za haki ya kimaumbile. Mahakama yenyewe magazeti huiita ya leba, ya wafanyakazi, au ya mizozo ya kazi, na barua ya kujieleza haina jina moja linalokubalika kutoka Maua hadi Siakago.

Kazi hiyo ni ya idara za Kiswahili, na eneo lenyewe halina upungufu wa vyuo: kuna Chuo Kikuu cha Embu, kuna Chuka, kuna vyuo vikuu vya Meru. Tasnifu juu ya mtindo wa mwandishi mmoja wa riwaya zimekuwa nyingi. Juu ya lugha ya kikao cha nidhamu ni nadra kuonekana. Mwanafunzi anayejua Kimeru na Kiswahili angeweza, kwa idhini ya wahusika, kukaa vikaoni, kulinganisha yaliyosemwa na yaliyoandikwa, na kuonyesha ni wapi ndiyo iligeuka. Kazi ya namna hiyo ingekuwa na faida hata kwa mwajiri, ambaye leo hulipa fidia kwa kasoro asizoziona.

Kwa wakati huu jambo moja lawezekana bila kungoja utafiti wala marekebisho ya sheria. Pale ambapo jibu la mfanyakazi ndilo litakaloamua shauri, liandikwe kama alivyolitamka, kwa lugha aliyolitamkia, na tafsiri iwekwe kando yake. Kisha asomewe kabla ya kutia sahihi. Mwenzake aliyeketi naye, ambaye sheria imempa nafasi hiyo kwa makusudi, asitie sahihi yake hadi naye amesikia. Mara nyingi huwekewa karatasi mbele yake mwisho wa kikao, huonyeshwa mstari, naye hutia sahihi upesi kwa sababu zamu yake inamngoja.